Maji Yapandayo Ukutani: Funzo la Nyumba Moja ya Maretadu

Nyumba ya mwalimu mmoja wa sekondari katika kata ya Maretadu, wilayani Mbulu, ilipigwa lipu ya saruji mara tatu katika muda wa miaka minne. Kila mara kazi ilifanywa wakati wa kiangazi, ukuta ukiwa mkavu. Na kila mara mvua zilipoanza, doa la maji lilirudi palepale, katika ukuta wa nyuma, likianzia sakafuni. Jambo la ajabu ni kwamba doa halikurudi kama lilivyokuwa. Baada ya lipu ya kwanza lilifika magotini kwa mtu mzima. Baada ya ile ya pili, kiunoni. Na baada ya ile ya tatu, kifuani. Matengenezo, badala ya kuupunguza ugonjwa, yaliuongeza.

Nilipokwenda kumsalimu mwalimu huyo, ambaye ni rafiki yangu tangu tulipokuwa shuleni, nilikuta mifuko sita ya saruji imekwisha pangwa barazani. Chumba cha nyuma kilikuwa cha mama yake mzazi, aliyelala humo pamoja na wajukuu wawili. Pembeni palikuwa na magunia ya mahindi ya kuilisha nyumba nzima mpaka mavuno, na yale ya chini yalikwisha anza kutoa uvundo. "Daktari," aliniuliza, "niongeze unene wa lipu, au nibomoe ukuta nianze upya? Fedha ya kufanya yote mawili sina."

Swali hilo huulizwa na watu wengi wanaoishi kwenye miteremko ya nchi yetu. Jibu la sayansi ni kwamba asifanye lolote kati ya hayo mawili mpaka amejibu swali la tatu: maji haya yanatoka wapi?

Jinsi maji yanavyopanda

Tumezoea kuona maji yakiteremka. Hata hivyo, ukisimamisha kipande cha chaki katika kisahani chenye wino, utaona wino unapanda wenyewe ndani ya chaki. Chaki, kama lilivyo tofali, ina vinjia vingi vyembamba visivyoonekana kwa macho. Molekuli za maji huvutwa na kuta za vinjia hivyo, nazo huvutana zenyewe kwa zenyewe. Hivyo zile zilizotangulia huwavuta wenzao nyuma yao. Tendo hili huitwa ukapilari.

Mwaka 1718 daktari Mwingereza James Jurin alieleza kanuni yake: kadiri njia inavyokuwa nyembamba, ndivyo maji yanavyopanda juu zaidi. Kwa maji safi katika mrija wa kioo safi, kimo katika milimita ni takriban 30 kugawanya kwa kipenyo cha mrija katika milimita. Mrija wenye kipenyo cha milimita 1 huyapandisha maji milimita 30 tu. Wenye kipenyo cha milimita 0.1 huyapandisha sentimita 30. Kinjia chenye kipenyo cha milimita 0.02, ambacho ni chembamba kuliko unywele, chaweza kuyapandisha mita 1.5.

Basi ukuta uliosimama juu ya udongo wenye maji, bila kizuizi chochote katikati, hunywa kama utambi wa taa unavyokunywa mafuta. Tofali la kienyeji lililochomwa, lenye uzito wa kilo 3, laweza kunywa zaidi ya nusu lita ya maji. Tofali bichi hunywa pia, lakini lenyewe hulegea na kurudi kuwa tope.

Mbona basi maji hayapandi mpaka kwenye mabati? Ni kwa sababu ukuta hunywa na kutoa. Uso wake hutoa mvuke hewani, na mahali ambapo maji yanayotoka yanalingana na yanayopanda, hapo ndipo doa huishia. Hii ndiyo hoja ya kushika zaidi katika makala haya, kwani ndiyo inayofumbua fumbo la nyumba ya Maretadu.

Lipu ilivyozidisha ugonjwa

Lipu nzito ya saruji hupitisha mvuke kwa shida kuliko tofali la udongo. Mwalimu alipopaka lipu hadi magotini, aliufunga mlango ambao maji yaliutumia kutokea. Hakuyapunguza maji yaliyokuwa yakiingia chini. Yalifanya nini? Yaliendelea kupanda nyuma ya lipu hadi yalipopata uso ulio wazi. Alipoongeza lipu juu zaidi, nayo yalipanda zaidi. Fundi hakuwa mvivu wala saruji haikuwa mbovu. Dawa ilikuwa ya ugonjwa mwingine.

Pamoja na maji huja chumvichumvi. Maji ya ardhini huyeyusha salfeti, kloridi na naitreti, na mahali penye mbolea ya mifugo naitreti huwa nyingi. Maji yanapogeuka mvuke, chumvi hubaki. Hujikusanya na kuwa fuwele, na fuwele zinapokua ndani ya vinjia vya tofali huyasukuma mpaka yakapukutika. Ule unga mweupe tunaoufagia chini ya kuta ni chumvi pamoja na ukuta wenyewe. Isitoshe, baadhi ya chumvi huvuta unyevu kutoka hewani, kiasi kwamba ukuta wa namna hiyo waweza kutoa jasho hata siku isiyo na mvua.

Watu wa pwani waliujua uadui huu zamani. Nyumba za Mji Mkongwe wa Unguja zilijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, vitu ambavyo hunywa maji na kuyatoa. Kuta hizo zinapozibwa kwa lipu ngumu ya saruji, unyevu na chumvi hufungiwa ndani, na jiwe huanza kuoza nyuma ya uso uonekanao mzuri. Mbulu ni mbali na bahari, lakini kanuni ni ileile.

Hasara isiyoonekana ukutani

Unyevu si jambo la sura ya nyumba tu. Mwaka 2009 Shirika la Afya Duniani lilitoa mwongozo juu ya unyevu na kuvu ndani ya majengo, likieleza kwamba wakaao humo hupatwa zaidi na maradhi ya njia ya hewa, pamoja na pumu. Wanaoumia kwanza ni watoto na wazee, yaani wale waliolala katika chumba kile cha nyuma.

Kadhalika mahindi. Nafaka ya kuhifadhiwa yapasa iwe na unyevu usiozidi asilimia 13 au 14. Gunia lililolazwa sakafuni penye maji hunyonya, na kuvu wa namna fulani huweza kuota na kutengeneza sumukuvu. Mwaka 2016 sumu hiyo iliua watu 20 katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Sisemi kwamba nyumba zenye unyevu ndizo zilizoleta msiba ule. Kuvu huweza kuanza tangu shambani. Lakini mtu aliyevuna mahindi mazuri hana sababu ya kuyaharibu kwa kuyalaza juu ya sakafu yenye maji. Hivyo kazi yetu ya kwanza siku ile haikuwa ya ukuta. Tuliyatoa magunia, tukatenga yaliyooza yasiliwe na mtu wala mnyama, tukayaanika mazima na kuyapanga juu ya chaga ya mbao, mbali na ukuta.

Maji ya aina nne

Maji yanayoingia katika msingi huwa na asili nne, na kila moja ina tabia yake.

Ya kwanza ni maji ya paa. Hudondoka kwenye upenu, huchimba ardhi chini ya ukuta na kuurushia tope. Dalili yake ni doa linalotokea saa chache tu baada ya mvua, nje kwanza, na kukauka upesi.

Ya pili ni maji yanayopanda kwa ukapilari kutoka ardhi iliyo chini ya nyumba. Doa lake huzunguka kuta nyingi kwa kimo kinachokaribiana, aghalabu chini ya mita moja, likiwa na mstari wa chumvi juu yake.

Ya tatu ni maji ya kilima. Mvua huzama ardhini juu ya mteremko, husafiri polepole juu ya tabaka lisilopitisha maji, kisha hukutana na msingi. Haya hayana haraka. Doa hutokea siku kadhaa baada ya mvua kubwa, katika ukuta unaotazama kilima, na hudumu wiki nyingi baada ya mvua kukoma.

Ya nne ni maji ya nyumbani: bomba linalovuja, bafu lisilo na mfereji, shimo la maji machafu lililochimbwa karibu mno. Hayajui masika wala kiangazi. Huonekana mahali pamoja mwaka mzima.

Nyumba moja huweza kusumbuliwa na aina mbili au tatu kwa pamoja. Kwa hiyo mwenye nyumba afanye kama mwanafunzi afanyavyo katika maabara: achukue daftari, aandike tarehe ya kila mvua, achore mstari wa penseli mahali doa lilipoishia, na kuweka tarehe kando yake.

Tuliyoyaona Maretadu

Mwalimu hakuwa na daftari, lakini mama yake alikuwa na kumbukumbu. Alisema kwamba ukuta haulii siku ya mvua. Hulia siku ya tatu. Akasema pia kwamba ukuta wa mbele haujapata kulia kamwe. Maneno hayo mawili yalikuwa na thamani kuliko ile mifuko sita.

Tulipozunguka nyuma, tuliona mambo yalivyo. Kiwanja kilikuwa kimekatwa katika mteremko, kama vinavyokatwa viwanja vingi vya nyanda za juu za Mbulu. Kati ya ukuta na kingo ya udongo palikuwa na nafasi ya kupita mtu, lakini miaka ya mmomonyoko ilikuwa imeijaza udongo mpaka juu ya kiwango cha sakafu ya ndani. Paa nalo halikuwa na mfereji wa bati, likamwaga maji yake yote mahali palepale.

Hebu tupige hesabu. Mvua ya milimita 1 huleta lita 1 kwa kila mita ya mraba. Paa la mita 8 kwa 6 lina mita za mraba 48. Mvua moja ya milimita 30 hulimwagia lita 1,440. Nusu yake, yaani lita 720, huangukia nyuma ya nyumba, sawa na lita 90 kwa kila mita ya ukuta. Sasa tazama kilima. Kipande cha mteremko chenye upana wa mita 10 na urefu wa mita 40 juu ya nyumba hupokea lita 12,000 kwa mvua hiyohiyo. Tuseme sehemu moja tu katika tano huzama na kuufikia msingi: ni lita 2,400. Maji hayo yakikosa pa kwenda, husimama. Yakisimama kwa kina cha nusu mita nyuma ya ukuta wa mita 8, huusukuma kwa kani ya newtoni 9,800 hivi, yaani sawa na uzito wa tani moja. Ndiyo maana ufa ulikuwa umeanza kutokea pembeni.

Yafaa tukumbuke kwamba ujenzi wa kuchimba kilimani si mgeni kwa Wairaqw. Nyumba zao za zamani, tembe zenye paa bapa la udongo, zilichimbwa ndani ya mteremko hata paa upande wa nyuma likakaribia kulingana na ardhi. Hiyo ilikuwa kinga dhidi ya wavamizi na baridi. Mwenye nyumba ya namna ile alilazimika kuyatazama maji ya kilima kila msimu, la sivyo asingekuwa na mahali pa kulala. Sisi tumebadili tembe kwa tofali na bati, lakini mara nyingine tumeiacha nyuma desturi ya kutazama kilima.

Kilima chenyewe kinywapo maji

Nguvu ya maji yaliyofungwa ardhini haikomei kwenye lipu. Karl Terzaghi, aliyezaliwa Prague mwaka 1883, alifanya majaribio yake mengi alipokuwa mwalimu wa uhandisi mjini Istanbul, kwa vifaa vya kujitengenezea, na mwaka 1925 akachapisha kitabu kilichoanzisha elimu mpya ya udongo. Alionyesha kwamba uimara wa udongo hutokana na punje zake kukandamizana. Maji yakijaa kati ya punje na kukosa njia ya kutoka, huubeba uzito ambao punje zingeubeba. Mkandamizo hupungua, na udongo huwa mwepesi wa kuteleza.

Tarehe 3 Desemba 2023 wilaya jirani ya Hanang iliona jambo hili kwa ukubwa wa kutisha. Baada ya mvua kubwa, sehemu ya Mlima Hanang yenye miamba dhaifu ilimeguka, na tope, mawe na miti vikaufunika mji wa Katesh na vijiji vilivyo karibu. Watu zaidi ya 80 walikufa. Mtaro wa nyumba moja hauwezi kuzuia janga kama lile. Lakini mkazi wa mteremkoni anayeona nyufa mpya ardhini, miti iliyoanza kuinama, au chemchemi mahali ambapo haikuwapo, asishughulike na lipu; ahame kwanza, kisha atoe taarifa kwa viongozi na wataalamu.

Tiba na utaratibu wake

Katika nyumba ya rafiki yangu hapakuwa na dalili hizo za hatari, nasi tulipanga kazi kuanzia mbali na ukuta kuja karibu, tena tukaanza na yaliyo rahisi.

Kwanza, maji ya paa yalikingwa kwa mfereji wa bati na kupelekwa katika pipa. Maji yaliyokuwa adui yakawa ya kufulia.

Pili, udongo uliorundikana nyuma ya ukuta uliondolewa, na ardhi ikasawazishwa iwe na mteremko wa kuikimbia nyumba: sentimita 15 katika umbali wa mita 3 za mwanzo zinatosha, palipo na nafasi hiyo. Kwa upande wa kilima nafasi ilikuwa ndogo, tukafanya mfereji wa juu ulio wazi.

Tatu, ulichimbwa mtaro wa kinga upande wa kilima, wenye kina cha kushuka chini ya kiwango cha sakafu. Hapa pana tahadhari mbili. Mtaro usichimbwe kando ya msingi wala kushuka chini ya kitako chake, kwa kuwa waweza kuung'oa. Umbali wake na ukuta uzidi kina chake. Tena, mtaro unaozidi kimo cha kiuno huweza kumwangukia mchimbaji, hivyo kingo zake zitegemezwe kwa mbao. Sakafu ya mtaro iteremke angalau sentimita 1 kwa kila mita. Kiwango hicho hupimwa kwa mpira mwembamba unaoonyesha maji ndani yake, kama wafanyavyo mafundi. Kisha mtaro hujazwa mawe na kokoto, na juu yake huwekwa gunia la nailoni ili udongo usiyazibe mawe. Mwisho wa mtaro uwe penye majani au miti, pasipo kumtupia jirani maji wala kuanzisha korongo.

Nne, lipu ya saruji ilibanduliwa mpaka nusu mita juu ya doa, chumvi ikapigwa brashi kavu na kuzolewa, na ukuta ukaachwa uchi. Hapa ndipo wengi wetu hushindwa, maana ukuta mnene huchukua miezi mingi kukauka, na jicho halipendi kutazama matofali yaliyo wazi. Kiangazi cha Juni hadi Oktoba kisipotosha, bora kungoja kingine.

Tano, ukuta ukishakauka hupakwa lipu ya chokaa, fungu moja kwa mafungu matatu ya mchanga safi, ambayo huruhusu mvuke kutoka. Anayeichanganya alinde macho na mikono, kwani chokaa huunguza.

Anayejenga upya ana bahati kubwa kuliko wote, kwa sababu kinga hugharimu kidogo ikiwekwa mapema. Msingi wa mawe uinuliwe juu ya ardhi, na kabla ya tofali la kwanza kulazwa, utando usiopitisha maji, yaani nailoni nzito au lami, utandazwe juu ya msingi wote, angalau sentimita 15 kutoka ardhini. Utando huo hukata utambi.

Majaribio kwa darasa

Walimu waweza kuyafanya mambo haya yaonekane kwa vifaa vichache. Simamisheni chaki katika wino na kupima kimo kila dakika tano. Kisha fungeni chaki nyingine kwa karatasi ya nailoni, mkiacha wazi ncha mbili tu, na mlinganishe vimo baada ya siku moja. Hiyo ndiyo historia ya lipu tatu. Pimeni tofali kavu, litumbukizeni majini usiku kucha, mlipime tena na kukokotoa asilimia ya maji lililokunywa. Mwisho, bandikeni kipande cha nailoni ukutani penye doa, mzibe kingo zake zote kwa gundi, na mngoje siku mbili. Matone yakiwa upande wa ukutani, maji yanatoka ndani ya ukuta. Yakiwa upande wa chumbani, ni mvuke wa hewa uliopoa juu ya ukuta baridi, na dawa yake ni madirisha.

Nyumba ya Maretadu leo

Msimu wa mvua uliofuata, mwalimu aliniandikia kwamba siku ya tatu baada ya mvua kubwa maji yalisikika yakitiririka mwisho wa mtaro, na ukuta haukulia. Doa halijatoweka kabisa. Mstari wa chumvi bado waonekana magotini, na nilimwambia kwamba huenda ukabaki miaka kadhaa. Ufa wa pembeni aliuwekea alama za penseli, naye huzitazama kila mwezi. Mpaka sasa haujapanuka. Mama yake amerudi chumbani mwake. Ile mifuko sita ya saruji haikupotea: miwili ilitumika kujengea mfereji wa juu na kitako cha pipa, na minne aliiuza.

Wahenga walituusia kwamba usipoziba ufa, utajenga ukuta. Usia huo ni wa kweli. Lakini yapasa kwanza kujua ufa umeletwa na nini, kwa kuwa aliyeziba bila kujua aliziba mara tatu.